Fadhili za Maskini kwa Wafalme

Amahl and the Night Visitors, yaani Amahl na wageni wa usiku, ni opera ya tendo moja iliyotungwa na Gian Carlo Menotti na kurushwa kwa mara ya kwanza na televisheni ya NBC kutoka New York usiku wa tarehe 24 Desemba 1951. Haifiki saa nzima. Ndiyo opera ya kwanza kutungwa mahususi kwa ajili ya televisheni nchini Marekani, na inakadiriwa kwamba watu milioni tano hivi waliitazama usiku ule. Tangu hapo imechezwa kila Desemba katika makanisa, shule na kumbi za miji mikubwa na midogo, kiasi kwamba ni opera chache za karne ya 20 zinazoikaribia kwa wingi wa maonyesho. Umaarufu huo umezaa tafsiri inayorudiwa karibu kila mahali: kwamba hii ni kazi tamu ya sikukuu, ya kuwafurahisha watoto, inayosimulia jinsi wafalme watatu wenye huruma walivyomtendea wema mjane maskini na mwanawe mwenye ulemavu.

Tafsiri hiyo haisimami mbele ya opera yenyewe. Imekosea upande ambako wema unatokea, imelipita tukio kuu kana kwamba ni doa dogo la katikati, na imemfanya mtunzi mwenye macho makali aonekane mburudishaji tu wa watoto. Kosa hilo lina madhara, kwa sababu kazi hii ni mojawapo ya kazi chache za muziki zinazouliza waziwazi watu wasiofahamiana wanadaiana nini, na jibu lake ni zito kuliko linavyosemwa.

Kisa kinaanza nje ya kibanda, usiku wa baridi. Amahl, mvulana wa miaka kumi na miwili hivi, ameketi akipiga filimbi yake ya kuchungia kondoo. Katika okestra sauti hiyo hutolewa na obo, ala ya jamaa moja na zumari. Mguu wake mmoja una ulemavu na anatembelea gongo. Ndani, mama yake ameishiwa kabisa. Kabati ni tupu, kila kilichoweza kuuzwa kimeuzwa, na kesho watalazimika kwenda kuombaomba. Amahl anapomwambia kwamba ameona nyota ya ajabu yenye mkia, mama haamini, maana mtoto huyu amezoea kutunga uongo. Amewahi kudai ameona samaki mkubwa kama mashua. Usiku mlango unabishwa. Amahl anatumwa kutazama, anarudi na kusema kuna mfalme mlangoni. Anatumwa tena, anasema ni wafalme wawili. Mara ya tatu ni watatu, na mmoja wao ni mweusi. Kila safari hasira ya mama inapanda, mpaka anakwenda mwenyewe na kuwakuta Kaspar, Melchior na Balthazar wamesimama pale pamoja na mtumishi wao. Hawa ndio mamajusi wa Injili ya Mathayo, ingawa Mathayo hakuwataja majina wala idadi. Hayo yaliongezwa na mapokeo ya baadaye.

Wafalme wanaomba mahali pa kupumzika na moto wa kujipasha. Mama anawaeleza ukweli: hana zaidi ya jiko lililopoa na kitanda cha majani makavu. Anawakaribisha hata hivyo, kisha anatoka kutafuta kuni, na akirudi anamtuma Amahl kuwaita majirani. Hesabu ya wema inaanzia hapo, na wanaoisifu opera hii kwa huruma ya wafalme hawana budi kuieleza. Mwanamke aliye peke yake na mtoto, katika nyumba isiyo na chakula, anawafungulia usiku wanaume wanne asiowajua. Hajaahidiwa malipo. Hajui wanakotoka wala wanakokwenda. Majirani nao, wachunga kondoo maskini, wanakuja kwa haya na woga wakiwa wamebeba walichonacho: zeituni, tufaha, zabibu kavu, makomamanga, jibini ya mbuzi, masega ya asali, hata vitunguu saumu. Wanaimba wakivitaja kimoja kimoja, kisha wanacheza ngoma yao mbele ya wageni, ngoma inayoanza kwa kujizuia na kumalizika kwa kasi. Balthazar anawashukuru na kuwaaga kwa adabu, maana safari bado ni ndefu.

Katika sehemu hiyo yote ya kwanza, kitu pekee kinachotoka mkononi mwa mfalme kwenda kwa wenyeji ni peremende ya Kaspar. Mzee huyo, asiyesikia vizuri na mwenye kasuku kwenye tundu, ana sanduku la droo tatu. Droo ya kwanza ina mawe ya kinga dhidi ya kila balaa, ya pili ina shanga anazopenda kuchezea, ya tatu ina urukususu, na hiyo ndiyo anayoifungua kumgawia mtoto. Tukio hilo linachekesha na watoto wanalipenda. Lakini lina maana yake katika mpangilio wa kazi nzima: mtoto aliyelala na njaa anaonyeshwa vito, kisha anapewa kitu cha kutafuna.

Waswahili husema mgeni njoo, mwenyeji apone, na wanaoshika tafsiri iliyozoeleka wangeweza kuitumia methali hiyo kama ushahidi, maana mwisho wa opera mwenyeji anapona kweli, tena kwa mwili. Hata hivyo, ushahidi huo ni wa upande mmoja. Menotti ameweka wazi kwamba mgeni naye ana ugonjwa wake, na kwamba yeye ndiye anayechelewa kuutambua. Wafalme wanafuata nyota, wamebeba dhahabu kwa ajili ya mtoto maskini aliyezaliwa mbali, na wamelala katika nyumba ya mtoto maskini bila kumwona.

Wala si kwamba hawakuambiwa. Opera inahakikisha wameambiwa mara mbili. Kwanza, Amahl mwenyewe, alipoulizwa anafanya kazi gani, aliwaeleza kwamba alikuwa mchungaji, kondoo wakauzwa, mbuzi mweusi aliyekuwa akimpa maziwa akafa kwa uzee, na sasa mama anasema wataomba mlango kwa mlango. Mtoto anayasema hayo bila kulia, na wafalme wanayapokea kama mazungumzo ya kupitisha muda. Mara ya pili ni nzito zaidi. Melchior anamuuliza mama kama ameonekana mtoto wa namna fulani, na kumweleza kwa maneno ya utukufu mtoto wanayemtafuta. Mama anajibu kwamba anamjua mtoto wa namna hiyo: ni wake, naye hakuna atakayemletea dhahabu wala ubani, ingawa ni mgonjwa, ana njaa na baridi. Menotti ameyaweka maneno hayo katika wimbo wa sauti nne. Wafalme watatu wanaimba juu ya mtoto wa nyota, mama anaimba juu ya mtoto wa kibandani, wote kwa pamoja, na nyimbo zao zinalingana vizuri sana. Ulinganifu huo ndio uchungu wenyewe: sauti nne zinapatana, na watatu kati ya wanne hawajamsikia wa nne. Mtazamaji anayesifu uzuri wa wimbo huo bila kusikia kinachotendeka ndani yake amekaa upande wa wafalme.

Ndipo linapokuja tukio la wizi. Majirani wameondoka. Wafalme wamesinzia kwenye benchi wakiegemeana, na mtumishi amejikunja miguuni pao, mikono ameizungushia hazina. Hata usingizini dhahabu ina mlinzi dhidi ya wenyeji waliowapa wageni chakula. Mama hawezi kulala. Anaitazama dhahabu na kuanza kuimba kwa sauti ya chini, akijiuliza kama matajiri wanajua kitu hicho kingefanya nini katika nyumba kama yake, na kwa nini kiende kwa mtoto ambaye hata wao hawajawahi kumwona. Anatambaa sakafuni. Anasita, anasogea tena. Anaigusa. Mtumishi anaamka, anamkamata na kupiga kelele kwamba ni mwizi.

Tafsiri iliyozoeleka inalitazama tukio hili kwa namna mojawapo kati ya mbili. Namna ya kwanza inasema mama ameteleza kwa sababu ya umaskini, na wafalme wanaonyesha ukubwa wa moyo kwa kumsamehe. Namna ya pili inalipunguza hadi kuwa mtihani mfupi wa kuwaandaa watazamaji kwa muujiza. Zote mbili zinamweka mama kizimbani peke yake. Mpangilio wa opera unaweka watu wengine kizimbani. Wizi huu ni ombi la tatu, baada ya maombi mawili ya maneno kupita masikioni mwa watu wenye uwezo wa kusaidia. Wafalme wamekula cha maskini, wamelala kwa maskini, na hakuna hata mmoja aliyeuliza mwenye nyumba atakula nini asubuhi. Mwanamke anapotia mkono kwenye dhahabu, anafanya kosa, na muziki haufichi kuwa ni kosa. Lakini kabla yake kulikuwa na kosa lisilo na kelele ambalo hakuna mtumishi wa kulipigia ukelele.

Kinachofuata kinathibitisha usomaji huo. Amahl anaamka, anamwona mama yake ameshikwa, na kumvamia mtumishi kwa ngumi akiwa na gongo lake na mguu wake mbovu. Anapiga kelele kwamba mama yake ni mwema. Mwongo ni yeye, mwizi ni yeye. Tabia ya uongo ambayo mwanzoni ilikuwa kichekesho inageuka kuwa ngao: mtoto anatumia sifa yake mbaya kumfunika mama. Katika opera nzima hakuna tendo la upendo lililo safi kuliko hilo, nalo linatoka kwa mtu mdogo kuliko wote nyumbani, bila nyota wala muujiza wowote.

Wafalme wanaashiria mama aachiliwe, na Melchior anasema. Inafaa kutazama kwa makini anachosema na asichosema. Hatangazi msamaha. Hamhubirii mama juu ya amri ya kutoiba. Anamwambia abaki na dhahabu, kwa kuwa mtoto wanayemtafuta haihitaji. Ufalme wake utajengwa kwa upendo, na mji wake ni wa maskini. Kwa maneno hayo Melchior anakiri, pengine bila kujua, kwamba safari yao yote hadi dakika ile ilikuwa na mzigo usio na maana. Dhahabu waliyoilinda usiku kucha haikuhitajika huko ilikokuwa ikipelekwa, na ilihitajika hapa ilipolala. Mwizi ndiye aliyewafumbua macho. Kuwaita wafalme hao wafadhili wa mama ni kusoma kisa kinyumenyume, kwa sababu hadi hapo wao ndio waliopokea malazi, chakula, ngoma na sasa maarifa.

Na zaidi ya hayo, mama anairudisha dhahabu. Hili husahauliwa kuliko yote. Baada ya kusikia habari za mfalme wa namna hiyo, anasema amemngoja maisha yake yote, na kwamba laiti asingekuwa maskini naye angempelekea zawadi. Mtu ambaye dakika chache nyuma alitambaa gizani kutafuta chakula cha mwanawe anaachia kile alichoruhusiwa kuchukua. Hapo Amahl anatoa gongo lake. Huenda mtoto yule atalihitaji, anasema, tena amelichonga kwa mikono yake mwenyewe. Analiinua kulitoa, na wote wanaona kwamba amepiga hatua bila kulitegemea.

Mfuatano huo umepangwa kwa uangalifu: utoaji unatangulia, uponyaji unafuata, na Amahl hakuwa na ahadi ya kupona alipotoa. Anatoa kitu ambacho bila hicho hawezi kutembea, kwa mtoto asiyemjua, kwa sababu tu anaweza kufikiria kwamba mtoto huyo pia huenda ana mguu mbaya. Dhahabu, ubani na manemane zilichaguliwa kwa kumfikiria mfalme. Gongo ndiyo zawadi pekee katika msafara ule iliyochaguliwa kwa kumfikiria mtoto.

Wapo wanaoipinga opera hii kutoka upande mwingine kabisa, na hoja yao inastahili jibu la kweli. Wanasema hadithi ambayo mtoto mwenye ulemavu anapona akiwa mwema inafundisha kwamba ulemavu ni upungufu unaosubiri kuondolewa, na kwamba mwenye imani ya kutosha hupona. Lawama hiyo ina uzito, na yapo maonyesho yanayoistahili, yale yanayomwaga mwanga na machozi juu ya mguu ulionyooka hadi gongo lenyewe linasahauliwa. Ila opera yenyewe haimchukulii Amahl kama mtu wa kuhurumiwa. Ndiye mwenye maneno mengi kuliko wote, mwenye mzaha, mkaidi, mdadisi, anayewachosha wafalme kwa maswali. Chanzo cha muujiza nacho hakikuwa dhana ya kubuni. Menotti, aliyezaliwa mwaka 1911 katika kijiji cha Cadegliano kaskazini mwa Italia, alipata ulemavu wa mguu utotoni, akapelekwa kwenye patakatifu pa Bikira Maria pa Sacro Monte karibu na Varese, na baadaye akatembea vizuri. Aliandika kutokana na kumbukumbu ya mwili wake. Msomaji anaweza kutokubaliana na alichokiamini Menotti kuhusu tukio hilo, lakini hawezi kusema kwa haki kwamba ni mtu mzima aliyemwazima mtoto kilema ili kuwaliza watazamaji.

Chanzo kingine kilikuwa picha. Menotti alikuwa ameahidi kuiandikia NBC opera na siku zilikuwa zinakwisha, hana wazo lolote, alipoiona katika jumba la makumbusho la Metropolitan mjini New York picha ya mamajusi wakimsujudia Yesu, inayohusishwa na Hieronymus Bosch. Ilimkumbusha utoto wake, maana katika Italia ya wakati ule watoto waliletewa zawadi na Wafalme Watatu. Kazi ilikwenda kwa haraka hadi waimbaji wakawa wanapokea kurasa mpya wakati mazoezi yakiendelea. Maneno aliyaandika mwenyewe, kwa Kiingereza. Onyesho la kwanza lilirushwa moja kwa moja kutoka studio 8H katika Rockefeller Center, ambako awali okestra ya Arturo Toscanini ilikuwa ikipiga. Thomas Schippers aliongoza muziki, Chet Allen aliimba nafasi ya Amahl na Rosemary Kuhlmann nafasi ya mama.

Mizizi ya tafsiri laini inapatikana katika mazingira hayo. Onyesho lilifadhiliwa na Hallmark, kampuni ya kadi za salamu, likawa la kwanza katika mfululizo mrefu wa vipindi vilivyobeba jina la kampuni hiyo. Lilirushwa mkesha wa Krismasi, katika sebule za familia, na mhusika wake mkuu ni mtoto. NBC iliendelea kulirusha kila mwaka hadi katikati ya miaka ya 1960, likawa sehemu ya desturi za sikukuu. Kitu kinachoonekana kila mwaka katika saa ya furaha huacha kusikilizwa. Hilo si kosa la opera. Menotti mwenyewe alipambana na ulainishaji huo kadiri alivyoweza: alitaka nafasi ya Amahl iimbwe na mvulana daima, asiwekwe mwanamke mwenye sauti nyororo iliyofunzwa, na NBC ilipoirekodi upya mwaka 1963 bila yeye kushiriki, hakulikubali toleo hilo, na haki zilipomrudia hakuruhusu lionyeshwe tena.

Mzizi wa pili ni sifa ya mtunzi kwa wasomi wa muziki. Joseph Kerman, katika kitabu chake Opera as Drama cha mwaka 1956, alimweka Menotti katika kundi la wasanii wepesi, mwigaji wa Puccini asiye na nguvu za Puccini, na hukumu hiyo ilirithiwa na wengi ambao hawakujisumbua kuipima. Anayeipima hana haja ya kwenda mbali. Mwaka 1950, chini ya miaka miwili kabla ya Amahl, Menotti alitoa The Consul, opera iliyompatia tuzo ya Pulitzer. Humo mwanamke aitwaye Magda Sorel, mume wake akisakwa na polisi wa siri, anakwenda siku baada ya siku kwenye ofisi ya ubalozi kuomba viza. Karani anampa fomu. Anazijaza, anapewa nyingine. Mtoto wake anakufa, mama mkwe anakufa, na mwishowe Magda anajiua. Mlango haukufunguliwa.

Opera hizi mbili zinahitaji kusikilizwa pamoja. Katika ya kwanza mgeni anabisha kwenye ofisi yenye kila uwezo na kufukuzwa kwa adabu. Katika ya pili mgeni anabisha kwenye kibanda kisicho na kitu na kukaribishwa. Mtunzi ni yuleyule, na swali ni lilelile. Anayedai kwamba Amahl ni kazi ya mtu asiyejua ukatili wa dunia hajaitazama tarehe ya The Consul. Wema wa Amahl uliandikwa na mtu aliyekuwa ametoka kuandika mwanamke aliyekufa kwa kukosa saini, katika miaka ambayo Ulaya ilikuwa bado imejaa wakimbizi wenye vyeti visivyotosha.

Hoja kwamba muziki wake ni mwepesi nayo inachanganya wepesi na uwazi. Uimbaji wa Amahl unafuata mwendo wa mazungumzo, ili kila neno lisikike, hata na mtoto, hata kupitia spika duni za televisheni za mwaka 1951. Pale ambapo hisia zinahitaji nafasi, Menotti anaitoa: katika sauti nne zilizotajwa, katika wimbo wa dhahabu, katika utatu wa wafalme wanaokaribia kwa mwendo wa maandamano. Okestra ni ndogo. Udogo huo ndio uliowezesha kanisa la kijijini au shule isiyo na ukumbi wa opera kuicheza kazi kamili, na si kipande kilichopunguzwa. Miezi miwili tu baada ya televisheni, Februari 1952, ilichezwa jukwaani katika Chuo Kikuu cha Indiana, na haijashuka jukwaani tangu hapo. Opera nyingi za wakati ule zilizosifiwa kwa ugumu wake hazina bahati hiyo.

Lipo pia jambo la Balthazar, ambalo tafsiri tamu haiwezi kulibeba. Amahl anamuuliza mfalme huyo mweusi kama ana damu ya kifalme, kisha anaomba aione. Balthazar anamjibu kwamba ni sawa na yake. Mtoto anashangaa: ya nini basi kuwa nayo? Haina faida, anajibu mfalme. Mazungumzo hayo hayachukui hata dakika moja na watazamaji hucheka. Lakini yaliimbwa mbele ya mamilioni ya Wamarekani mwaka 1951, wakati sheria za majimbo ya kusini zilikuwa bado zinawatenga watoto weusi na weupe madarasani. Uamuzi wa Mahakama Kuu dhidi ya utengano wa shule ulikuja mwaka 1954. Ukweli wote usemwe: aliyeimba Balthazar usiku ule alikuwa mwimbaji mzungu, Leon Lishner, na hilo linaonyesha mipaka ya studio ile. Katika filamu ya mwaka 1978 nafasi hiyo ilishikwa na Willard White, mzaliwa wa Jamaika. Mipaka ya studio haiondoi kilichoandikwa. Mfalme anamwambia mtoto ombaomba, mwenye rangi tofauti na yake, kwamba damu yao ni moja na kwamba ufalme haukuongeza kitu ndani yake. Kazi inayodaiwa kuwa ya kutuliza watu wakati wa sikukuu haikuwa na haja ya kusema hivyo.

Inabaki hoja ya mwisho wa kisa. Husemwa kwamba opera inaisha kwa furaha kamili: mtoto amepona, wafalme wameridhika, mama amepata malipo ya ukarimu wake. Hesabu ya vitu inasema vingine. Dhahabu imerudi mikononi mwa wafalme. Kabati ni tupu kama lilivyokuwa mwanzoni, na chakula cha majirani kimeliwa na wageni. Amahl anaomba aende na wafalme kulitoa gongo kwa mkono wake, mama anakubali, wafalme wanaahidi kumtunza na kumrudisha, na msafara unaondoka alfajiri. Mama anabaki peke yake katika nyumba isiyo na kitu, akimsikia mwanawe akipiga filimbi njiani. Amepata mtoto anayetembea, na hilo ni kubwa kupita kipimo. Lakini Menotti hakumpa mkate, hakumrudishia kondoo, hakuwafanya wafalme waache mfuko mlangoni. Ombi lililomtoa kitandani usiku, la chakula cha kesho, bado liko palepale, na wanaoweza kulijibu ni majirani walewale waliokuja na zeituni na jibini kwa watu wasiowajua.